Mbele ya kujenga, waulizwe wenye kukaa

Wakaaji wa Fungurume waliotazama filme Black Panther wanaikumbuka Wakanda: inchi ya Afrika yenye madini ambayo dunia yote ingetamani, na mji wake unang'aa. Inchi hiyo haiko. Ni hadithi tu, lakini mwanamke mmoja, Hannah Beachler, aliipatia barabara, soko, nyumba na milango.

Hiyo ndiyo kazi ya fundi mkubwa wa dekori. Anaamua ukuta uwe wa rangi gani, kiti kiwe kipya ama kimechakaa, jiko liwe ndani ama nje. Anachora, anahesabu feza, anagawa kazi kwa maseremala na wapaka rangi. Watazamaji wengi hawajui jina lake, lakini wanatambua mara moja kama nyumba ni ya tajiri ama ya mjane.

Beachler, Mmarekani mweusi wa jimbo la Ohio, alisoma kwanza mitindo ya mavazi, kisha sinema. Alifanya kazi na Ryan Coogler katika Fruitvale Station (2013) na Creed (2015), tena katika Moonlight (2016) ya Barry Jenkins. Kwa ajili ya Wakanda alisafiri Afrika ya Kusini, akatayarisha kitabu cha kurasa zaidi ya 500 juu ya mji huo na maisha ya watu wake. Mwezi wa pili 2019 akapata Oscar pamoja na Jay Hart. Hakuna mtu mweusi aliyeipata mbele yake katika kazi hiyo.

Kurasa 500, juu ya watu wasiokuwako!

Fungurume, shaba na kobalti ni za kweli. Familia zilizohamishwa kupisha uchimbaji nazo ni za kweli. Juu yao ziliandikwa kurasa ngapi? Nani aliuliza mama anapikia wapi, mahindi yanaanikwa wapi, shamba litakuwa mbali namna gani, makaburi ya wazee yanabaki na nani? Bati jipya ni zuri, lakini nyumba zilizopangwa mstari mmoja hazijawa kijiji.

Wenye kupanga uhamisho wajifunze kwa fundi huyu: kuuliza, kuandika majibu, ndipo kuchora. Na familia zinazongoja zamu yao zisingoje kuulizwa. Zikae na shefu wa kijiji, ziandike mahitaji yao mbele ya kutia sahihi karatasi yoyote.

Filme ikiisha, dekori inabomolewa. Nyumba ya mtu, watoto wake watabaki ndani.