Gemu imekwama asilimia 99? Usilaumu bando kwanza

Uko Section 58 ama Kaptembwo, umenunua bando, gemu inapakuka hadi 99 halafu inakufa. Unarudia, bando inaisha. Kweli, mtandao una siku zake: Mei 2024 nyaya za baharini za EASSy na Seacom zilikatika, intaneti ikasuasua Kenya nzima. Lakini mara nyingi shida iko hapo mezani pako.

Kompyuta nyingi tunazonunua Nakuru ni za mtumba. Tazama saa pale chini kulia. Ikisoma 2010, kabetri kale ka duara ndani ya mashine kamekufa, na tovuti salama hukataa kompyuta yenye tarehe ya uongo. Badilisha betri, rekebisha tarehe, ujaribu tena. Diski ikijaa pia haitamaliza.

Windows 7 je? Steam iliacha kuihudumia Januari 1, 2024, na Microsoft ikaipa Windows 10 kisogo Oktoba 14, 2025. Hapo ndipo msee wa gemu za bure hukupata. “Zima antivairasi kwanza,” anakwambia. Na mashine ni hiyo hiyo unayofungulia eCitizen na HELB.