Hakuna mahandaki chini ya Mji Mkongwe

Mgeni akifika Unguja hakawii kusimuliwa habari za mahandaki. Ataambiwa kwamba chini ya Mji Mkongwe ipo njia inayotoka Beit al-Ajaib, pale Forodhani, hadi Mkunazini, kwamba nyengine inakwenda moja kwa moja hadi Mangapwani, na kwamba mapango ya kisiwa hiki yalichimbwa na Waarabu ili wafiche watumwa. Wala si wageni peke yao wanaoamini. Watoto wa skuli wanaikariri habari hiyo, na watu wazima wanaitetea barazani kwa viapo. Ni uongo, na unatudhulumu.

Tuitazame ardhi yenyewe. Mji Mkongwe umekaa juu ya rasi ambayo zamani ilikuwa karibu kuwa kisiwa. Pale inapopita leo barabara ya Darajani palikuwa na mkono wa bahari, maji yakijaa na kutoka, mpaka ukaja kufukiwa. Handaki la kutoka Forodhani lingejaa maji ya chumvi kila bamvua. Na hadi Mangapwani ni kiasi cha kilomita 20. Njia ya urefu huo ingeacha vilima vya kifusi ambavyo mpaka leo tungekuwa tunavipanda.

Nadhani najua chanzo cha baadhi ya visa hivi. Sultani wa Zanzibar, Sayyid Barghash, alivuta maji ya chemchem za upande wa Bububu yakaja mjini kwa mifereji na mabomba, na hamamu aliyoijenga Hamamni ilikuwa na njia zake za maji na za kupashia moto. Mtu akiona mdomo wa mfereji uliozibika ukutani, ni rahisi kuumalizia safari yake kwa fikra. Hilo nalielewa. Nisilokubali ni kisa hicho kugeuzwa kuwa historia ya utumwa.

Kwani utumwa wa Zanzibar haukupitia chini ya ardhi. Ulipita juu, mchana, mbele ya watu. Majahazi yalishusha watu bandarini, ushuru ukatozwa kwa kila kichwa, na mnada ukafanyika sokoni Mkunazini, wanunuzi wakiwapapasa watu misuli na kuwafunua vinywa. Ilikuwa biashara halali kwa sheria ya nchi mpaka Juni 1873, Sayyid Barghash alipotia saini mkataba wa kuizuia kwa shinikizo la Waingereza. Utumwa wenyewe uliendelea mashambani, kwenye mikarafuu, na hadhi yake kisheria haikufutwa hadi 1897. Waliofaidika walikuwa wengi na walijuana: wenye mashamba, wenye majahazi, wakopeshaji, wenye kukusanya ushuru. Ukimwambia mtoto kwamba haya yalifanywa kwa siri ndani ya shimo, umewapa udhuru wote waliokuwa wakipita pale sokoni wakiona.

Hata vyumba vya chini vya Mkunazini, vile vyenye dari fupi ambamo mtu mzima huinama, vinahitaji maelezo ya kweli kuliko yanayotolewa. Jengo lililo juu yake lilijengwa na misheni ya Kianglikana baada ya soko kufungwa, kwa kazi ya hospitali, na wapo wanahistoria wanaokataa kwamba vyumba hivyo viliwahi kufungiwa watumwa. Kuyasema haya si kuwapunguzia waliouzwa hata chembe ya haki yao. Soko lilikuwapo. Ushahidi wake hauhitaji kuongezewa chumvi, na ukiongezewa, siku moja atatokea mtu wa kukanusha chumvi akakanusha na soko.

Mangapwani ndiko mambo yalikochanganywa zaidi. Kuna mahali pawili tofauti pale. Kipo chumba kilichochongwa mwambani karibu na ufukwe na kuezekwa kwa mawe mazito, ambacho kinahusishwa na biashara ya magendo baada ya 1873. Huko siri ilikuwapo kweli, kwa kuwa sheria ilikuwa imebadilika, na chumba kilikuwa hatua chache tu kutoka yanapofika majahazi. Halafu lipo pango la asili, mbali kidogo na hapo, lenye dimbwi la maji baridi ndani yake. Hilo halikuchimbwa na Mwarabu wala Mreno. Lilichimbwa na mvua, ikilila jiwe la matumbawe tone kwa tone kwa maelfu ya miaka.

Na ndivyo yalivyo mapango mengi ya uwanda wa kusini na mashariki. Nenda Kuumbi, karibu na Jambiani. Dari imeporomoka sehemu, mwanga unashuka, na ndani unakuta chetezo na vitambaa vya watu waliokuja kuomba, maana kwa wenyeji pale ni mzimu. Mwanaakiolojia Profesa Felix Chami alichimbua humo mwaka 2005, na wengine wakafuata. Zilipatikana zana za mawe na mifupa ya wanyama, punda milia wakiwamo, na watafiti wakasema watu walikaa humo tangu kiasi cha miaka 20,000 iliyopita, wakati bahari ilipokuwa chini na mtu akiweza kutembea kwa miguu kutoka bara hadi Unguja. Miaka 20,000! Sisi tumeikata yote, tukaanza hesabu ya mapango yetu na karne moja ya minyororo.

Kisha kuna maji. Karibu maji yote tunayokunywa Unguja yanatoka chini, katika mwamba huu huu wenye matundu. Mvua inazama, inapita nyufani upesi, inatokea kisimani. Karo likichimbwa juu ya ufa, uchafu unafuata njia ile ile, bila mchanga wa kuuchuja. Anayeamini kwamba pango ni handaki refu linaloishia baharini hataona ubaya wa kulitupia taka. Anayejua kwamba ni mdomo wa kisima cha jirani atazuia mkono wake.

Kwa hiyo nawaomba walimu na waongoza watalii waache kuyasimulia mahandaki haya, hata kama mgeni anayapenda na bakshishi inayategemea. Na wanaosimamia mambo ya kale waweke Mangapwani mabango mawili, moja chumbani na moja pangoni, kila moja lieleze mahali pake kwa Kiswahili kwanza.