Eternals: Mastaa Kumi, Dola Milioni 200, na Hakuna wa Kumlilia

Kila ikitajwa Eternals kwenye magrupu ya muvi, povu linaanza upya. Kundi la kwanza linasema muvi ilikuwa kali ila watazamaji hawana akili ya kuielewa, wamezoea ngumi na vichekesho tu. Kundi la pili linasema Marvel walijiharibia wenyewe kwa kulazimisha kila rangi na kila aina ya mtu aingie kwenye muvi moja.

Makundi yote mawili yanadanganya. Na uongo wa kundi la pili ndio mbaya zaidi, maana kuna watu wanaokosa kazi kwa sababu yake. Tutafika huko.

Kwanza tuwekane sawa kwenye ukweli. Eternals iliingia sinema za Marekani Novemba 5, 2021. Mwongozaji ni Chloé Zhao, ambaye Aprili ya mwaka huohuo alitoka kubeba Oscar ya mwongozaji bora kwa muvi ya Nomadland. Ndani yumo Angelina Jolie, Salma Hayek, Gemma Chan, Richard Madden, Kumail Nanjiani, Brian Tyree Henry, Barry Keoghan, na yule jamaa wa Kikorea aliyekuwa anawatandika mazombi kwa mikono kwenye Train to Busan, Ma Dong-seok. Bajeti kama dola milioni 200. Urefu, masaa mawili na dakika 36. Ukisoma kikosi hicho unasema mechi imeisha kabla ya kuanza.

Kilichotokea kila mtu anakijua. Dunia nzima ilikusanya kama dola milioni 402, pesa ndogo sana kwa muvi ya gharama hiyo ukikumbuka kwamba sinema nazo zinachukua fungu lao. Kwenye Rotten Tomatoes wahakiki waliipa asilimia 47, muvi ya kwanza ya Marvel Studios kupewa alama ya nyanya iliyooza. Kama unasema wahakiki wana roho mbaya, haya, achana nao. CinemaScore wanawauliza watazamaji wa kawaida wakitoka ukumbini, watu waliolipa kwa pesa zao. Walitoa B. Kwa shule ni alama nzuri, lakini kwa Marvel ilikuwa ndiyo ya chini kuliko muvi zao zote mpaka siku ile.

Sasa twende kwenye visingizio, kimoja kimoja.

Kisingizio cha kwanza: corona. Ni kweli corona ilibana mapato, hakuna anayebisha. Lakini corona haimfanyi mtu aliyekwisha lipa tiketi na kukaa kwenye kiti atoke amenuna. Shang-Chi ilitoka Septemba 2021, corona hiyohiyo, pesa haikuipita Eternals kwa mbali, ila watu walitoka wanaisifia na CinemaScore ikaipa A. Halafu Desemba ikaja Spider-Man: No Way Home, ikazoa kama dola bilioni 1.9. Corona ilikuwa imesafiri mwezi huo?

Kisingizio cha pili: ilifungiwa. Kweli, Saudi Arabia, Kuwait na Qatar hawakuionyesha, kwa sababu Phastos ana mume na familia. Lakini Marekani haikufungiwa na mtu. Ilifungua huko na dola milioni 71 wikiendi ya kwanza, na wikiendi ya pili ikaporomoka kwa zaidi ya nusu. Hao walioacha kwenda hawakukatazwa na serikali. Waliambiwa na marafiki zao walioiona.

Kisingizio cha tatu, kile cha "wameweka kila rangi". Hiki hakihitaji hata mjadala mrefu. Black Panther ya 2018 ilijaa watu weusi mwanzo mwisho, na dada yetu Lupita Nyong'o yumo, na ikapita dola bilioni 1.3. Shang-Chi imejaa Waasia. Watu hawajawahi kukataa muvi nzuri kisa rangi ya stelingi. Vibanda umiza vya Bongo vimelelewa na Wachina, Wahindi, Wanigeria na Wakorea. Kama rangi ingekuwa tatizo, Bruce Lee asingejulikana Tandale.

Kisingizio cha nne ndicho kinachotumiwa na mashabiki wenye akili kidogo: eti wahusika hawakuwa wanajulikana. The Avengers ya 2012 ilitanguliwa na muvi tano, kuanzia Iron Man ya 2008, wakati Eternals walikuja wageni kumi kwa mpigo. Hoja inasikika vizuri mpaka ukumbuke Guardians of the Galaxy ya 2014. Nani alikuwa anamjua Groot? Nani mtaani alikuwa anamjua Rocket? Wageni watano, mmoja mti, mmoja mnyama, na ndani ya masaa mawili watu walikuwa wanaulilia mti wenye maneno matatu tu mdomoni. Ile muvi ilipita dola milioni 770.

Kwa hiyo ugeni sio tatizo. Tatizo liko jikoni.

Chukua kipimo cha kijiweni. Muvi nzuri inasimulika. Mtu anatoka kibandani, kesho yake anakaa na wenzake, anaanza: kuna jamaa mwizi, kaiba mzigo anataka kuuza. Kuna wawili wanataka kumkamata ili wapate donge nono. Kuna dada anamkimbia baba aliyemlea, katili kuliko wote. Kuna baunsa kauawa mke na mtoto, anataka kisasi. Wote wanatupwa jela moja. Hiyo ndiyo Guardians, na hata aliyelala nusu ya muvi anaweza kuisimulia. Kila mtu pale anatafuta kitu, na ukijua mtu anatafuta nini, umeshaanza kumjali.

Jaribu hivyo hivyo na Eternals. Kuna watu kumi wametumwa duniani miaka elfu saba iliyopita na jitu kubwa la angani linaitwa Arishem, waje kuua madude yanayoitwa Deviants. Sawa. Wanataka nini? Hawataki kitu. Wako kazini. Ni kama kusimuliwa habari za walinzi wa benki: wamepangiwa lindo, lindo limekuwa refu, basi.

Na muvi yenyewe haikai sehemu moja mpaka moto ukolee. Mesopotamia, Babeli, Tenochtitlan mwaka 1521, Hiroshima mwaka 1945, halafu inarudi leo. Kwenye huu wa leo, karibu nusu ya muvi ni daladala la kukusanya abiria: inaanzia London, inapitia South Dakota, Mumbai, jangwa la Australia, msitu wa Amazon, Chicago, inamalizia Iraq. Kila kituo anapakiwa mtu, anapewa dakika zake chache za kujieleza, gari linaondoka. Abiria wa mwisho anapanda, wewe umeshamsahau wa kwanza alikuwa na shida gani.

Angalia wanavyokufa. Ajak, mama wa kundi zima, anakutwa maiti mapema kabisa. Wenzake wanalia. Wewe uliyekaa kwenye kiti umemwona kwa dakika chache, utalia na nini? Gilgamesh, huyo Ma Dong-seok, ndiye mtu mwenye utu kuliko wote: kwa karne nyingi amekaa na Thena anayeugua akili, anampikia, anamlinda asijidhuru wala kudhuru wengine. Hapo palikuwa na mapenzi ya kweli. Anapatikana Australia, wanafika Amazon, kauawa. Ni kama kupelekwa kwenye msiba wa mtu ambaye hata jina lake ulilisikia jana.

Halafu kuna Ikaris. Hapa ndipo muvi ilipojimaliza. Wabongo wana sheria yao ya muvi: stelingi hafi, na stelingi hageuki. Marvel waliamua kuivunja. Ikaris, mwenye nguvu kuliko wote, anayeruka, anayetoa miale machoni, kumbe ndiye aliyempeleka Ajak kwenye mdomo wa Deviants. Kikulacho ki nguoni mwako. Wazo kali sana hilo, tena la kijasiri. Lakini usaliti unauma pale tu ulipompenda msaliti. Ikaris muda wote amenuna kama mtu anayedaiwa kodi ya nyumba. Hacheki, hatanii, hakuna siku anayomsaidia mtu ukasema huyu ndiye kaka yetu. Anapogeuka, unasema tu: aah, sawa. Anapojirusha kwenye jua mwishoni kwa aibu, ilitakiwa ukumbi ukae kimya. Mtu hawezi kukaa kimya kwa sababu ya kifo cha mtu asiyemhusu.

Na lile swali la Thanos? Kila mtu aliliuliza kabla hata muvi haijatoka: nyie mlikuwa wapi nusu ya viumbe wanafutwa? Jibu la Sersi ni kwamba walikatazwa kuingilia ugomvi wa binadamu, isipokuwa Deviants wakihusika. Hapo wangeweza kutengeneza muvi nzima. Mtu mwenye uwezo wa kuokoa, anaangalia majirani zake wanageuka vumbi, ananyamaza kwa sababu bosi kakataza. Kwenye Hiroshima Phastos analia, na ile ni moja ya sehemu nzuri za muvi nzima, kwa sababu kwa mara moja mtu anabeba hatia ya kazi yake mwenyewe. Lakini Thanos anamalizwa kwa sentensi mbili. Mashabiki waliokaa miaka kumi wakifuatilia ile vita wakapewa jibu la karani wa dirishani: hiyo sio idara yetu.

Sasa hao wanaosema watazamaji hawana akili ya kuielewa, wasikie hili. Watazamaji waliielewa vizuri tu. Waliona kwamba vitu vizuri vimo, ila vimenyimwa nafasi. Sprite ana miaka elfu saba, mwili wa mtoto, anampenda mtu ambaye hatamwona kama mwanamke hata siku moja. Hiyo peke yake ni muvi, wakaifanya pembeni. Kingo, mchekeshaji wa kundi, staa wa muvi za Kihindi, ndiye anayefurahisha watu, na pambano la mwisho linapofika anaondoka zake na harudi mpaka vita iishe! Nani anamtoa mfungaji wake dakika ya themanini wakati timu inahitaji goli?

Na Makkari. Huyu anachezwa na Lauren Ridloff, kiziwi kweli, na mhusika naye ni kiziwi, shujaa wa kwanza wa aina hiyo kwenye muvi za Marvel. Anaongea kwa ishara, na anakimbia kuliko sauti. Kwa mtoto kiziwi wa Buguruni au wa Nairobi, hilo sio jambo dogo. Kuna watu wanaishi maisha yao yote bila kuona mtu kama wao akishinda kwenye skrini. Lakini Makkari wa leo ndiye wa mwisho kufuatwa, muvi ikiwa imeshapita nusu. Mbio zake dhidi ya Ikaris ni kati ya mapigano bora kwenye muvi nzima, na zinaisha kabla hujakaa sawa kwenye kiti.

Hapo sasa ndipo ubaya wa kundi la pili unapoonekana. Muvi ikichemsha, mabosi hawasemi "tuliandika stori vibaya". Wanatafuta wa kumbebesha msala, na walio karibu ni wale waliopewa nafasi kwa mara ya kwanza: kiziwi, Mpakistani, Mkorea, mwanamke Mchina aliyeongoza. Kila anayesambaza ile meme ya "walijaza kila rangi ndio maana" anawapa mabosi hao kisingizio bure. Kuna muvi ngapi za wazungu watupu zimechemsha? Umewahi kusikia mtu anasema tatizo ni wazungu?

Mwisho wa siku jitu la mawe lilibaki limechomoza mkono na kichwa kwenye Bahari ya Hindi, bahari yetu hii, na Marvel wakalipita kama hawalioni. Likaja kupewa uzito kwenye Captain America: Brave New World, Februari 2025, zaidi ya miaka mitatu baadaye, tena kwa ajili ya madini yake. Wale kumi wenyewe hawakuitwa. Hata waliowatengeneza hawakuwakumbuka, sasa mtazamaji angewakumbuka vipi?

Chloé Zhao alitaka kitu kikubwa na anastahili heshima kwa hilo. Machweo yake ya jua ni mazuri, mandhari yake ni ya kweli, na swali lake, kama mtumwa wa amri anaweza kumkataa bwana wake, ni zito kuliko maswali mengi ya Marvel. Lakini muvi haiendi na mandhari. Mpe mtazamaji watu watatu anaojua wanataka nini, atakufuata mpaka mwisho wa anga. Ukimpa mastaa kumi wasio na haja yoyote, atachungulia simu.

Povu ruksa. Ila kabla hujaandika "hamkuielewa", taja kwanza majina yao kumi bila kugoogle.