Tribinali za utawala nazo ziwekewe siku

Kifungu cha 19 cha Katiba ya mwaka 2006 kinampa kila Mkongomani haki ya kusikilizwa na jaji katika muda unaofaa. Sheria ya mwaka 2016 ilipanga mahakama za utawala, ambamo mwananchi anaweza kuishitaki serikali. Lakini haki hiyo inamfaa nini mtumishi aliyefutwa kazi, kama kesi yake inaahirishwa mwaka baada ya mwaka? Watoto wanaacha masomo, na mwingine ameisha kushika nafasi yake. Ngojangoja huumiza matumbo. Mahakama ya juu iweze kuamuru tribinali itoe uamuzi kabla ya siku fulani. Hiyo si kumwambia jaji nani ashinde. Ni kumkumbusha kwamba kunyamaza pia ni kuhukumu.