Mazungumzo ya Michezo: Haraka Iliyokuwa na Baraka

Wazee husema ya kwamba haraka haraka haina baraka, na mkulima hawezi kukanusha neno hilo, kwa kuwa mhogo haukui kwa kuamrishwa wala mnazi hauzai kwa kufokewa. Hata hivyo alitokea mtu mmoja wa Pwani aliyefanya haraka kwa muda wa sekunde tisa na nusu tu, akapata baraka ambayo nchi nzima ya Kenya ilikuwa haijaipata kabla yake. Jina lake lilikuwa Seraphino Antao, mzaliwa wa Mombasa, ng'ambo tu ya kivuko cha Likoni. Habari zake zastahili kukumbukwa Diani, Msambweni na Kwale yote, kwa sababu zajibu neno moja ambalo husemwa mara nyingi katika baraza za upande huo.

Neno lenyewe ni hili: kwamba mbio si kazi ya watu wa Pwani. Kijana wa Kidigo akishinda mbio za shule yake, wenziwe humpigia makofi, lakini akirudi nyumbani husikia mjomba au baba mdogo akimwambia ya kuwa mbio ni za watu wa milimani, na kwamba afadhali akaangue nazi au akashike kalamu. Wasemao hivyo hawana nia mbaya. Wamesikia kwa miaka mingi majina ya washindi wanaotoka Nandi, Kericho, Elgeyo na Kisii, nao wamefanya hesabu yao kutokana na hayo waliyoyasikia. Lakini hesabu hiyo imesahau tarakimu ya kwanza kabisa.

Yafaa kwanza kutenganisha mambo mawili. Mbio ndefu na mbio fupi hazifanani, kama vile kupiga kasia mpaka Wasini kusivyofanana na kuruka kutoka ngalawani. Mtu aliyekulia juu ya milima, ambako hewa ni nyembamba, hupata pumzi yenye kudumu, na pumzi hiyo humfaa katika maili tatu au sita. Mbio za yadi 100 hazihitaji pumzi ya namna hiyo. Huhitaji nguvu ya ghafula katika mapaja, mguu mwepesi, na sikio lililo tayari kuusikia mlio wa bastola. Mambo hayo hayachagui mlima wala bahari.

Bwana Antao alizaliwa tarehe 30 Oktoba 1937. Asili ya jamaa zake ilikuwa Goa, nchi ndogo ya pwani ya Bara Hindi iliyotawaliwa na Wareno mpaka Desemba 1961. Katika siku za utoto wake watu wa Kenya walitengwa kwa rangi na kwa asili. Wazungu walikuwa na shule zao, Wahindi zao, Waarabu zao na Waafrika zao, na vilabu vingi vya michezo vilifuata desturi hiyo hiyo. Lakini katika uwanja wa mbio utaratibu huo haukuweza kudumu sana, maana saa haiulizi mtu kabila lake. Aliyefika mbele amefika mbele.

Mkulima apendaye kujua yadi 100 ni umbali gani hana haja ya kutafuta kamba ya kupimia. Mabwana shamba hushauri minazi ipandwe kwa mistari, na kati ya mti na mti iwe futi 30. Basi na asimame kwenye mnazi wa kwanza wa mstari, kisha ahesabu mpaka wa kumi na moja. Huo ni umbali wa futi 300, nazo ni yadi 100 barabara, yaani mita 91 na kitu. Antao aliweza kutoka mnazi wa kwanza mpaka wa kumi na moja kwa sekunde 9.5. Ni kusema kwamba kila nafasi kati ya mnazi na mnazi aliimaliza kwa muda usiofika sekunde moja, na hesabu hiyo inaingiza hata hatua za mwanzo ambazo mtu huwa bado hajashika mwendo. Anayetaka kupima maajabu hayo na ajaribu mwenyewe, lakini asijaribu baada ya chakula cha mchana.

Baraka hiyo haikuja upesi. Mwaka wa 1958 Antao alikwenda Cardiff, katika nchi ya Wales, kwenye Michezo ya Dola ya Kiingereza na Jumuiya ya Madola. Hakupata nishani. Wakenya waliorudi na nishani safari ile walikuwa wawili, Arere Anentia katika mbio za maili sita, na Bartonjo Rotich katika mbio za yadi 440 za kuruka viunzi, na wote wawili walipata shaba. Miaka miwili baadaye, yaani 1960, Antao alikwenda Roma kwenye Michezo ya Olimpiki. Huko alifika nusu fainali, akashindwa kuvuka. Mtu mwingine angalisema kwamba amekwisha kuona dunia, na sasa yatosha. Yeye alirudi Mombasa akaendelea na mazoezi.

Hapo ndipo methali ya wazee inaporudi kwa njia nyingine. Mkimbiaji wa mbio fupi ndiye mtu mwenye haraka kuliko wote, lakini haraka yake hujengwa kwa saburi. Hujifunza kuinama kwenye mstari na kutulia kabisa, asitikisike kabla ya bastola. Hujifunza kuondoka akiwa ameinama, kisha kujiinua kidogo kidogo kama mti unavyoinuka baada ya upepo kupita. Hujifunza kulegeza uso na mabega wakati miguu inafanya kazi kali, maana anayekaza kila kiungo hujifunga breki mwenyewe. Kila jambo moja kati ya hayo hurudiwa mara mia. Mnazi mrefu wa Pwani hukaa miaka sita au zaidi kabla ya kuzaa, na mkulima hauchukii wala haukati. Kutoka Cardiff mpaka siku ya ushindi, Antao alingoja miaka minne.

Mwaka wa 1962 matunda yalianza kuonekana. Alishinda mbio za yadi 100 katika mashindano makubwa ya Uingereza huko London. Kisha, mwezi wa Novemba, alikwenda Perth katika Australia, ambako Michezo ya Dola ilifunguliwa tarehe 22. Jua lilikuwa kali mno. Siku ya ufunguzi joto lilipita nyuzi 100 za Fahrenheit, hata askari wakatumwa kuwapelekea wachezaji maji. Waliotoka nchi za baridi walitaabika. Mtu aliyelelewa Mombasa hakuwa mgeni wa jua.

Mtu aliyeogopwa na wote katika mbio fupi alikuwa Harry Jerome wa Kanada, mshika rekodi ya dunia. Katika mbio za mwisho za yadi 100 msuli wa paja lake ulikatika, akafika nyuma ya wenziwe wote. Antao alipita mstari wa kwanza kwa sekunde 9.5. Wa pili alikuwa Tom Robinson wa visiwa vya Bahamas, na wa tatu Michael Cleary wa Australia. Wako waliosema kwamba angeshindwa kama Jerome angekuwa mzima. Jibu lilitolewa uwanjani palepale, kwa kuwa Antao alirudi akashinda mbio za yadi 220 pia, kwa sekunde 21.1. Ndivyo Kenya ilivyopata nishani zake za kwanza za dhahabu katika michezo hiyo, nazo zilipatikana kwa miguu ya mtu wa Mombasa. Haki yataka isemwe vilevile kwamba Jerome hakukata tamaa. Aliuguza mguu wake, akapata shaba ya Olimpiki mwaka wa 1964, na dhahabu ya yadi 100 huko Kingston mwaka wa 1966.

Msomaji na akumbuke siku zile zilikuwaje. Mwaka wa 1962 Kenya ilikuwa bado chini ya Waingereza, na ukanda wa pwani, pamoja na Diani na Msambweni, ulihesabiwa kuwa milki ya Sultani wa Unguja. Watu walibishana sana juu ya mwambao. Wengine walitaka uwe peke yake, wengine walitaka uungane na bara, na jambo hilo halikumalizika mpaka mapatano ya Oktoba 1963. Tena watu wenye asili ya Bara Hindi walikuwa wakijiuliza kama watakuwa na mahali katika nchi mpya. Katikati ya mabishano hayo, mtoto wa Kigoa aliyezaliwa Pwani alivaa nguo ya Kenya akaishindia, na watu wa bara na wa mwambao wakaifurahia habari moja.

Mwaka wa 1964, Kenya ilipokwenda Olimpiki ya Tokyo kwa mara ya kwanza ikiwa taifa huru, Antao ndiye aliyechaguliwa kubeba bendera mbele ya wenziwe. Hakurudi na nishani. Iliyopatikana ilikuwa shaba ya Wilson Kiprugut katika mbio za mita 800, nayo ni nishani ya kwanza ya Kenya katika Olimpiki. Tangu hapo habari za Kenya zikawa za mbio za kati na ndefu, na jina la Antao likaanza kufifia.

Lipo jambo moja lililobaki, nalo ni la fedha. Mkimbiaji wa siku zile alikatazwa kulipwa. Nishani ilikuwa heshima, wala haikununua kibaba cha unga. Katika mpira wa raga ugomvi huo ulikuwa umezuka zamani. Mwaka wa 1895 vilabu vya kaskazini ya Uingereza vilikutana Huddersfield vikajitenga, kwa sababu wachezaji wao walikuwa wafanyakazi, na kila Jumamosi waliyocheza walipoteza mshahara. Vilitaka wafidiwe. Kutoka hapo ikazaliwa raga ya watu kumi na watatu, ambayo wachezaji wake waliweza kulipwa. Yule Michael Cleary, aliyekuwa wa tatu nyuma ya Antao huko Perth, aliichezea Australia raga ya watu kumi na watano na hiyo ya watu kumi na watatu. Kwa mkimbiaji mlango kama huo haukuwapo. Antao aliacha mbio, akahamia Uingereza, akaishi London mpaka alipofariki tarehe 6 Septemba 2011, akiwa na miaka 73.

Ilipita miaka 60 kabla ya Mkenya mwingine kushinda mbio fupi kuliko zote katika michezo hiyo. Mwaka wa 2022, huko Birmingham, Ferdinand Omanyala alishinda mita 100 kwa sekunde 10.02. Mwaka mmoja kabla ya hapo, Nairobi, alikuwa amekimbia kwa sekunde 9.77, ikawa rekodi ya Afrika. Siku ya Birmingham wengi walishangaa kwamba Kenya yaweza kutoa mtu wa mbio fupi. Asiyepaswa kushangaa ni mtu wa Pwani.

Basi mzazi wa Kwale na alipime neno lake kabla ya kumwambia mwanawe kwamba mbio si za kwao. Hakuna anayesema kijana aache shule. Kalamu na miguu havigombani, na alasiri ina nafasi ya vyote viwili. Mwalimu anaweza kupima yadi zake 100 kwa minazi, akafyeka majani na kuondoa vifuu na mawe. Mchanga wa Diani wafaa kwa kuimarisha miguu, bali kasi yenyewe hutafutwa juu ya ardhi ngumu iliyo sawasawa. Kwa matayarisho ya namna hiyo haitakiwi fedha nyingi. Inatakiwa saa yenye mkono wa sekunde, na mtu mzima mmoja wa kuishika jioni baada ya jioni, mwaka huu na mwaka ujao. Kazi hiyo ya kushika saa ndiyo ngumu, kwa kuwa haina nishani. Samaki hukunjwa angali mbichi, na mbichi wako tele kutoka Likoni mpaka Lunga Lunga.