Leseni za Matatu: Abiria Naye Asikizwe

Siku ya kufunguliwa kwa muhula mmoja, si zamani mno, nilisimama katika kituo cha magari mjini Busia nikitafuta matatu ya kunifikisha Amukura. Wanafunzi walikuwa wamekalia masanduku yao ya bati, magodoro wameyaviringisha kando, na magari ya chama tulichokizoea hayakuonekana. Manamba mmoja ndiye aliyetufumbulia fumbo: leseni ya chama ilikuwa imesimamishwa. Kwa kosa gani? Hakujua. Kwa muda gani? Alicheka. Wenye uwezo walipanda bodaboda kwa nauli ya kuumiza. Waliosalia walifika shuleni jua limekwisha kutua, na sisi walimu, bila haya, tukawaandika katika daftari la wachelewaji.

Msomaji asinielewe vibaya. Serikali ina haki, tena ina wajibu, wa kumwondoa barabarani anayehatarisha maisha ya watu. Mwaka 1973 Rais Jomo Kenyatta aliziruhusu matatu zihudumu bila leseni ya uchukuzi, na ilichukua zaidi ya mwongo mmoja kabla ya sheria ya 1984 kuanza kuzirudisha chini ya udhibiti. Hakuna mwenye akili timamu anayetamani kurejea huko.

Lakini mamlaka nayo yana mipaka. Sheria ya mwaka 2012 iliyounda Mamlaka ya Kitaifa ya Usafiri na Usalama (NTSA) iliweka pia bodi ya rufaa za leseni. Huko anaweza kwenda mwombaji aliyenyimwa leseni, mwenye leseni aliyefutiwa au kusimamishiwa, na hata yule aliyepinga ombi la mwingine asiridhike na uamuzi. Juu yake ipo Mahakama Kuu. Aidha, Kifungu cha 47 cha Katiba ya 2010 kinamtaka afisa wa serikali atende kwa haki, na ampe sababu kwa maandishi yule ambaye haki yake imeathiriwa.

Hayo ni mazuri. Ila tuulize: ni nani hasa anayeumia? Kanuni za 2013 ziliwataka wenye magari waungane katika chama au kampuni yenye magari yasiyopungua 30. Basi mjane wa Amukura mwenye gari moja, ambalo halijapata kugonga hata kuku, hulala njaa kwa kosa la dereva wa mwenzake asiyemjua. Rufaa ni ya chama, wala si yake. Wakili ni wa chama. Viongozi wakizembea, yeye atamlilia nani?

Abiria ndiye aliyesahaulika kabisa. Uamuzi ukitolewa, huachwa kituoni. Rufaa ikiwasilishwa na agizo la kusitisha adhabu likatolewa kwa muda, magari hurejea kimya kimya, naye hupanda asijue kama breki zimetengenezwa au ni wakili tu aliyepatikana. Mimi siilaumu bodi kwa kutoa agizo kama hilo. Adhabu ikitekelezwa yote kabla ya rufaa kusikizwa, rufaa hiyo ina maana gani? Kosa ni kuliamua shauri kana kwamba pande ni mbili tu, mdhibiti na mwenye gari.

Kwetu mpakani jambo hili lina uzito wa pekee. Malori ya masafa marefu yanapita Malaba na Busia usiku na mchana, lakini hayambebi mwanafunzi wa Amukura. Njia zetu za ndani zina magari machache. Chama kimoja kikiondolewa, pengo halizibwi kwa siku moja kama Nairobi.

Ninayoyaomba si makubwa. Mashauri ya eneo hili yasikizwe Busia, ambako Mahakama Kuu tayari inaketi, ili mwenye gari moja na mzazi wahudhurie bila kulala njiani. Na leseni inaposimamishwa, sababu na tarehe zibandikwe kituoni, kwa Kiswahili na Kiteso, kabla ya siku ya kufungua shule.