Kanada: Nchi kubwa, soko jembamba

Ukimwuliza mfanyabiashara wa kwetu anaijuaje Kanada, jambo la kwanza atakalokutajia ni ukubwa. Ni nchi ya pili kwa eneo duniani baada ya Urusi, yenye kilometa za mraba karibu milioni 10, na ni mojawapo ya mataifa saba tajiri ambayo viongozi wake hukutana kila mwaka kujadili uchumi. Namba hizo ni za kweli. Lakini ndizo zinazowapoteza wengi, kwa sababu hakuna mtu anayeuza bidhaa kwa kilometa za mraba.

Hoja yetu wiki hii ni kwamba takwimu za taifa ni mtaji kwa mfanyabiashara mdogo, ilimradi afanye mambo mawili. Kwanza, kila namba ya jumla aigawanye kabla ya kuitumia. Pili, ajue namba hiyo imezaliwaje na kama itasahihishwa baadaye. Kanada inafaa kwa somo hili, kwa kuwa nchi hiyo imejihesabu kwa muda mrefu na makosa yake yamewekwa hadharani ili kila mtu ayaone.

Gawanya kwanza

Sensa ya Kanada ya mwaka 2021 ilihesabu watu 36,991,981. Wagawanye kwa eneo la nchi, unapata watu wanne hivi kwa kilometa moja ya mraba. Tanzania, ambayo eneo lake ni kama sehemu moja ya kumi ya Kanada, ilihesabu watu 61,741,120 katika sensa ya mwaka 2022. Hata hiyo namba ya watu wanne bado inadanganya. Jimbo la Nunavut, lililoko kaskazini kabisa, ni kubwa zaidi ya mara mbili ya Tanzania nzima, lakini mwaka 2021 lilikuwa na watu 36,858 tu. Wote wakiingia Uwanja wa Benjamin Mkapa jijini Dar es Salaam, viti vinabaki.

Watu wako wapi basi? Theluthi mbili ya Wakanada wanaishi ndani ya kilometa 100 kutoka mpaka wa Marekani, katika ukanda ambao ni kama asilimia 4 tu ya ardhi ya nchi. Miji mitatu, yaani Toronto, Montreal na Vancouver pamoja na vitongoji vyake, ina zaidi ya theluthi moja ya watu wote. Soko la Kanada, kwa hiyo, ni utepe mrefu na mwembamba. Tena utepe wenyewe umekatika. Kutoka Toronto hadi Vancouver ni zaidi ya kilometa 4,000 kwa barabara. Kontena lililoshushwa Vancouver haliko karibu na mnunuzi wa Toronto, na anayekuambia ana "wakala wa Kanada" umwulize ni wakala wa upande upi.

Mgawanyo wa pili ni wa pato kwa kichwa. Mwaka 2023 idadi ya watu wa Kanada iliongezeka kwa asilimia 3.2, kasi ambayo haikuwahi kuonekana tangu mwaka 1957, na karibu ongezeko lote lilitokana na wageni waliohamia. Katika mwaka huo na ule wa 2024 pato la taifa kwa jumla lilikua, na vichwa vya habari vikasema uchumi unakwenda mbele. Lakini pato lilikua polepole kuliko watu. Ukiligawanya kwa vichwa, kila mtu alikuwa na kipato kidogo zaidi kuliko mwaka uliotangulia. Kwa mwenye duka hiyo ina maana moja: wateja wanaopita mlangoni wameongezeka, lakini kikapu cha kila mmoja kimepungua.

Sasa angalia jinsi bidhaa yako inavyoamua ugawanye kwa nini. Anayepeleka mchele, unga wa mihogo, viungo au majani ya chai anahitaji kujua idadi ya midomo. Anayepeleka vinyago vya mpingo au vito anahitaji kujua kipato cha kila mtu baada ya kulipa pango na riba ya nyumba. Miaka hiyo miwili ilikuwa ya neema kwa wa kwanza na migumu kwa wa pili, ingawa wote wawili walisoma taarifa moja iliyosema uchumi unakua.

Na hali hubadilika. Oktoba 2024 serikali ya Kanada ilitangaza kupunguza idadi ya wahamiaji. Lengo la wakazi wapya wa kudumu kwa mwaka 2025 lilishushwa kutoka 500,000 hadi 395,000, na wanafunzi na wafanyakazi wa muda nao wakapunguzwa. Ilipofika robo ya tatu ya mwaka 2025, idadi ya watu ilikuwa inashuka. Mfanyabiashara aliyeagiza mzigo kwa kukisia kwamba midomo itaendelea kuongezeka kama mwaka 2023 alikuwa anasoma gazeti la zamani.

Mgawanyo wa tatu ni wa majimbo na mazao. Mwaka 2021 pato la taifa la Kanada lilikuwa linapanda tena baada ya kuporomoka mwaka 2020 kwa sababu ya UVIKO-19. Mwaka huo huo ukame uliyapiga majimbo ya nyanda za magharibi, na mavuno ya ngano yakaanguka kutoka karibu tani milioni 35 hadi karibu tani milioni 22. Aliyeangalia pato la taifa aliona neema. Mwagizaji wa ngano aliyefuatilia taarifa ya mazao aliona njaa ya soko inakuja. Wote wawili walisoma takwimu za idara moja. Ni hivyo hivyo kwa mafuta, ambayo kwa sehemu kubwa hutoka Alberta, na kwa potashi ya kutengenezea mbolea, ambayo hutoka Saskatchewan na kuifanya Kanada kuwa mzalishaji mkubwa kuliko wote duniani. Wastani wa nchi nzima haumwambii kitu mnunuzi wa mbolea.

Namba huzaliwaje

Idara ya takwimu ya nchi hiyo inaitwa Statistics Canada. Ilianza mwaka 1918 kwa jina jingine, na jina la sasa ilipewa mwaka 1971. Taarifa zake kubwa za ajira, bei na pato la taifa hutolewa saa 2:30 asubuhi ya Ottawa. Kwa saa za Afrika Mashariki hiyo ni saa 9:30 alasiri wakati wa majira yao ya joto, au saa 10:30 jioni wakati wa baridi. Katika dakika hiyo dola ya Kanada inaweza kupanda au kushuka. Ndiyo maana inafaa kujua lililotokea Agosti 2014.

Tarehe 8 ya mwezi huo idara ilitangaza kwamba ajira mpya za Julai zilikuwa 200 tu kwa nchi nzima. Dola ya Kanada ikashuka. Siku nne baadaye idara ikaiondoa taarifa hiyo, ikisema ina kosa. Tarehe 15 ikatoa namba mpya: ajira karibu 42,000. Uchunguzi ulionyesha kwamba lilikuwa kosa la kibinadamu lililofanyika wakati wa kubadilisha mfumo wa kompyuta, na maelezo yake yakachapishwa. Wapo waliouza dola zao kwa hasara kwa kuamini namba iliyoishi kwa siku chache tu.

Wengine watasema tukio hilo linathibitisha kwamba takwimu za serikali ni porojo, na kwamba heri kusikiliza maneno ya sokoni. Sisi tunaona kinyume chake. Idara inayosimama mbele ya dunia na kusema imekosea, ikaeleza ilivyokosea, ni ya kuaminiwa kuliko ile ambayo kwa miaka ishirini haijawahi kukiri kosa hata moja. Kinachotakiwa ni mfanyabiashara kujua kwamba namba ya kwanza si ya mwisho.

Hapo kuna tofauti ambazo wengi hawazijui. Pato la taifa, ajira na biashara ya nje hurekebishwa, wakati mwingine baada ya miaka. Lakini kipimo cha bei za rejareja, kile kinachotumika kupima mfumuko wa bei, hakirekebishwi kikishatolewa, isipokuwa kile kilichochujwa athari za misimu. Sababu ni kwamba mikataba, pensheni na mishahara hufungwa kwa kipimo hicho. Mfumuko ulipofika asilimia 8.1 mwezi Juni 2022, namba hiyo ilibaki hivyo, na Benki Kuu ya Kanada iliendelea kupandisha riba hadi ikafika asilimia 5 Julai 2023. Kwa hiyo bei unaweza kuziamini siku ileile. Pato la taifa lipe muda.

Takwimu za biashara ya nje nazo zina siri yake. Kwa miaka mingi karibu robo tatu ya mauzo ya Kanada ya nje yamekuwa yakienda Marekani. Tangu mwaka 1990 nchi hizo mbili hubadilishana takwimu za forodha: mauzo ya Kanada kwenda Marekani huhesabiwa kwa kutumia hesabu za uagizaji za Wamarekani, na kinyume chake. Ni utaratibu wa akili, kwa kuwa anayetoza ushuru ndiye anayehesabu kwa makini. Lakini shughuli za serikali ya Marekani ziliposimama kwa kukosa bajeti, kuanzia tarehe 1 Oktoba hadi tarehe 12 Novemba 2025, taarifa ya Kanada nayo ilichelewa. Nchi ikakosa kuona mauzo yake yenyewe kwa wakati, tena katika mwaka ambao ushuru mpya wa Marekani ulikuwa unaisumbua zaidi. Ukikuta namba imechelewa, usiharakishe kusema inafichwa. Uliza kwanza inatoka wapi.

Nani hupoteza hesabu ikiharibika

Jambo zito kuliko yote lilitokea mwaka 2010. Kanada hufanya sensa kila baada ya miaka mitano, na sehemu ya kaya hupewa dodoso refu linaloulizia mahali mtu alipozaliwa, kazi, elimu na makazi. Kulijibu lilikuwa jambo la lazima kisheria. Serikali ya wakati huo, chini ya Waziri Mkuu Stephen Harper, ikaamua dodoso refu liwe la hiari, ikisema si haki kumtishia raia kwa adhabu kwa kukataa kueleza mambo ya nyumbani kwake. Hoja hiyo si ya kudharauliwa. Lakini Mtakwimu Mkuu, Munir Sheikh, alijiuzulu Julai 2010, akisema kwamba dodoso la hiari haliwezi kuchukua nafasi ya lile la lazima.

Matokeo yalimpa haki. Mwaka 2006 zaidi ya kaya tisa kati ya kumi zilikuwa zimejibu. Mwaka 2011, dodoso likiwa la hiari, zilizojibu hazikufika saba kati ya kumi. Maeneo madogo zaidi ya elfu moja hayakuchapishiwa matokeo mwanzoni, kwa kuwa hesabu zake hazikuwa za kuaminika. Na wasiojibu kwa hiari mara nyingi ni wale wale: maskini na wahamiaji wapya. Serikali iliyofuata ilirudisha dodoso la lazima Novemba 2015, na sensa ya mwaka 2016 ikajibiwa na karibu kaya zote. Mwaka 2017 sheria ikarekebishwa ili kumpa Mtakwimu Mkuu uhuru zaidi wa kuamua mbinu za kazi yake.

Tumelieleza hili kwa sababu linawahusu wasomaji wa ukurasa huu kuliko linavyowahusu wenye makampuni makubwa. Kampuni kubwa ina fedha za kulipia utafiti wake binafsi. Mtu mwenye duka moja la vyakula vya Kiafrika mjini Toronto, au anayemtumia bidhaa kutoka Mombasa au Zanzibar, hana. Yeye hutegemea hesabu ya umma imwambie ni mtaa upi una watu waliozaliwa Afrika Mashariki. Sensa ya 2021 ilionyesha kwamba asilimia 23 ya wakazi wa Kanada walikuwa wahamiaji, na iliwapanga mtaa kwa mtaa. Mwaka 2011 mwenye duka angefungua ukurasa huohuo na pengine angekuta mtaa wake haumo. Takwimu za umma zikidhoofika, mkubwa hununua za kwake, na mdogo hubaki kukisia.

Kwa hiyo ushauri wetu ni huu. Usitoe fedha kwa namba ya jumla. Igawanye kwa watu, kwa jimbo na kwa bidhaa yako. Namba ya siku ya kwanza iweke mfukoni, ungoje marekebisho, isipokuwa ile ya bei. Na wakala yeyote akikuletea karatasi iliyojaa tarakimu bila kusema zimetoka wapi na lini, mrudishie karatasi yake.

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Kanada ilijaribu mara moja kulegeza daftari lake, ikaona hasara, ikalikaza tena. Daftari hilo liko wazi kwa yeyote, na kulisoma hakugharimu kitu.